Vifuko vya tufaha vinavyolowa chini

Swali: Shikamoo mwalimu. Mimi ni Mtanzania, nimehamia Hamburg kumfuata mume wangu. Jirani yetu, mzee mmoja, ana mti wa matufaha uani kwake, na Oktoba hii kaniletea ndoo nzima. Ni makubwa, ganda linakwaruza na lina rangi ya kutu, anasema yanaitwa Boskoop. Nikataka kutengeneza Apfeltaschen, vile vifuko vya tufaha wanavyouza kwenye maduka ya mikate. Nimenunua unga wa tabaka uliokwisha sukumwa, nikakata matufaha, nikatia sukari na mdalasini, nikafunga, nikaoka kwa 180. Vinapasuka, maji yanamwagika na kuungulia kwenye trei, na chini unga umelowa, mbichi kabisa. Mara ya pili nikaongeza muda: juu vikaungua, chini vile vile. Nakosea wapi? Na matufaha yaliyobaki yatakaa mpaka lini?

Jibu: Marahaba, mwanangu. Unga wako hauna kosa, na oveni sidhani kama ni mbovu. Kinachokusumbua ni maji. Zaidi ya asilimia 80 ya tufaha ni maji, nawe umeyafungia ndani ya unga mbichi ukitegemea oveni iyakaushe. Oveni haina pa kuyapeleka.

Angalia kinachotokea. Ukishanyunyiza sukari kwenye vipande vya tufaha, sukari inaanza kuvuta maji hapo hapo. Acha bakuli robo saa tu, uliinamishe, utaona maji yamejikusanya chini. Kwa hiyo ulipokuwa unafunga kifuko cha mwisho, cha kwanza kilikuwa kimeshaanza kulowa. Kikiingia kwenye joto, nyama ya tufaha inalegea na kumwaga maji mengine zaidi, na yote yanatuama sehemu moja: chini.

Sasa huo unga wa tabaka unaumuka kwa mvuke. Hauna hamira. Maji kidogo yaliyomo kwenye unga wenyewe na kwenye siagi yanageuka mvuke, mvuke unasukuma tabaka juu, kisha tabaka zinakauka zikiwa zimeachana. Upande wa juu unafanya kazi hiyo vizuri, ndiyo maana juu vinapendeza. Upande wa chini umekalia maji, hauwezi kupanda joto zaidi ya pale maji yanapochemkia, tabaka zinagandana na haziachani tena. Hapo uoke mpaka jioni, haitasaidia. Na ule mvuke wa tufaha uliokosa tundu la kutokea ndio unaopasua mshono. Kulowa na kupasuka ulikokuona ni jambo moja.

Dawa yake ni kupika matufaha kwanza, kuyaacha yapoe kabisa, ndipo yakutane na unga. Mapishi mengi ya haraka yanakuambia ufunge matufaha mabichi. Yanafaa kwa tufaha kavu kidogo, lililokatwa dogo mno na kutiwa kijiko kimoja tu. Kwa Boskoop hayafai.

Maana Boskoop ni tufaha la pekee. Asili yake ni mji wa Boskoop huko Uholanzi, lilikojulikana mwaka 1856, na Wajerumani wa kaskazini wanalipenda kwa kuoka kuliko kwa kutafuna, kwa sababu lina ukali hasa. Ukali huo ndio utajiri wake. Tufaha tamu la dukani likiokwa linabaki na utamu mtupu, harufu yote imekwenda. Boskoop likiokwa bado unajua unakula tufaha. Ila likipata moto halidumu umbo, dakika chache tu limekuwa rojo. Ndiyo maana nakushauri ulichanganye: nusu Boskoop, nusu tufaha linalostahimili moto. Braeburn linastahimili vizuri, Jonagold na Elstar si mabaya. Wewe uko Hamburg, na Altes Land, lile eneo kubwa la mashamba ya matunda kando ya mto Elbe, liko jirani yako. Msimu huu wa mapukutiko soko lolote la wiki mtaani kwenu lina meza ya mkulima kutoka huko. Mwambie unataka tufaha la kuoka lisilovurugika, atakuchagulia mwenyewe. Ukiwa huna la kuchanganya, tumia Boskoop peke yake, vifuko vitakuwa na rojo ndani badala ya vipande. Ni vitamu pia, wala si aibu.

Kwa vifuko 12 chukua gramu 600 za tufaha lililokwisha menywa na kutolewa moyo, gramu 70 za sukari, gramu 20 za siagi, chumvi kiasi cha kushika kwa vidole viwili, nusu kijiko cha chai cha mdalasini, na kijiko kimoja cha chakula cha wanga wa mahindi. Ganda la Boskoop ni gumu, limenye lote. Ukikuta vidoa vya kahawia vilivyodidimia chini ya ganda, vikate uvitupe. Ni kasoro ya kawaida ya Boskoop likikosa kalisi ya kutosha, haidhuru mtu, lakini vina uchungu na kimoja kinatosha kuharibu mlo.

Kata vipande vya sentimita moja na nusu hivi. Vidogo kuliko hapo vitayeyuka, vikubwa vitatoboa unga. Changanya na sukari na chumvi, weka kwenye chujio juu ya sufuria, Boskoop upande wake na lile tufaha gumu upande wake, uondoke. Fua nguo, piga simu nyumbani. Baada ya dakika 40 hivi, maji yatakuwa yameshuka kwenye sufuria. Usiyamwage! Humo ndimo ulimo ukali na harufu ya tufaha. Bandika sufuria, yachemshe bila kifuniko mpaka yapungue na kuwa mazito, ukiburuza mwiko chini uone njia inabaki wazi kwa muda kabla ya kujifunga. Hapo tia siagi, kisha vipande vya lile tufaha gumu.

Moto sasa uwe mdogo sana. Hapa kuna jambo ambalo wapishi wengi hawalijui. Tufaha likikaa kwenye joto la nyuzi 60 hadi 65 kwa dakika 20 hivi, kabla halijachemka, kuta za nyama yake zinajikaza, kwa sababu kuna kimeng'enya ndani ya tunda kinachofanya pektini, ile gundi ya asili ya tunda, ishikane na kalisi. Likishajikaza hivyo, hata ukilichemsha baadaye au ukilitia kwenye oveni kali halivurugiki upesi. Kama una kipimajoto cha jikoni, kitumie. Kama huna, funika sufuria, moto wa chini kabisa, uone mvuke mwembamba bila kububujika hata kidogo, na kidole kikigusa rojo unakitoa mara moja. Baada ya hapo ndipo unatia Boskoop, unafunua, unaongeza moto, unapika dakika 4 au 5 ukikoroga taratibu.

Wanga uvuruge na vijiko viwili vya maji baridi, umimine huku unakoroga, uache utokote kweli kweli kwa dakika moja. Watu wengi wanaepua mara tu wanapoona rojo limeshikana. Wanga usiochemka vizuri unaacha ladha ya unga mdomoni na baadaye unaachia maji tena. Onja. Boskoop la Oktoba linaweza kuhitaji sukari zaidi kidogo. Mwisho tia mdalasini. Mimi naongeza iliki, punje za maganda matatu zilizotwangwa wakati huo huo, na sioni kwa nini mtu wa Pwani aoke tufaha bila iliki eti kwa sababu kitabu cha Kijerumani hakikuitaja. Karafuu ni suala jingine: moja iliyosagwa inatosha sufuria nzima, mbili zinafunika kila kitu. Ndimu huhitaji, tufaha lako lina ukali wake. Mapishi ya huku mara nyingi yanatia zabibu kavu zilizolowekwa kwenye ramu. Kama hutumii pombe, ziloweke kwenye chai ya rangi ya moto, zinavimba vizuri na ladha ya chai inakubaliana na tufaha.

Tandaza kwenye sahani pana lipoe upesi, kisha friji. Nasema lipoe liwe baridi kabisa, uvuguvugu hautakiwi. Siagi inaanza kuyeyuka nyuzi thelathini na kitu tu, na kijiko cha rojo la uvuguvugu kinatosha kuyeyusha tabaka zote zilizo chini yake kabla hata hujafunga. Ukiweza, pika jioni, oka kesho.

Tuje kwenye unga. Roli nyingi za unga wa tabaka za dukani hapo Ujerumani zina gramu 275, na moja inatoa miraba 6 ya kama sentimita 12 au 13. Kwa hiyo nunua mbili. Soma maandishi ya nyuma kabla hujalipa. Palipoandikwa Butter-Blätterteig ndipo penye siagi. Zisizo na neno hilo mara nyingi zimetengenezwa kwa mafuta ya mimea, zinaumuka sawa, ila zinaacha utando kwenye kaakaa na harufu hazina. Na kwa wanaojali halali, angalia neno Ethylalkohol, yaani pombe, kwenye orodha ya viungo, maana baadhi ya unga wa friji hutiwa kiasi kidogo ili usiharibike. Zipo zisizo nayo, ni kutafuta tu.

Ukitaka kutengeneza mwenyewe, una bahati ya hali ya hewa. Unga huu ukiufanyia jikoni Dar es Salaam mchana wa Januari, siagi inakukimbia mikononi na unajuta. Hamburg mwezi wa kumi unafungua dirisha tu. Kanuni yake inafanana na ya chapati za kusokota: mafuta katikati ya unga, unakunja, unasukuma. Tofauti ni kwamba kwenye chapati mafuta ni laini, huku siagi lazima ibaki ngumu mpaka dakika inapoingia kwenye oveni. Pima gramu 250 za unga wa ngano wa aina ya 405 au 550, gramu 5 za chumvi, gramu 200 za siagi baridi iliyokatwa vipande vya sentimita mbili, na mililita 120 za maji ya barafu. Changanya bila kukanda. Vipande vya siagi vibaki vinaonekana, donge liwe baya machoni, limepasuka pasuka, unajiuliza kama litashikana. Litashikana. Nyunyiza unga mezani, sukuma liwe refu mara tatu ya upana wake, likunje mara tatu kama barua, zungusha robo, sukuma tena, kunja tena. Friji nusu saa. Rudia hivyo mara mbili zaidi, kisha friji nusu saa ya mwisho. Mkunjo wa kwanza utakuudhi, siagi inatokeza huku na huku. Mkunjo wa tatu donge limeshakuwa laini na unaona michirizi ya siagi ndani. Kiasi hiki kinatosha vifuko 12, ukisukuma mpaka unene wa milimita tatu.

Kufunga nako kuna adabu yake. Katikati ya kila mraba nyunyiza kijiko cha chai cha chenga za mkate mkavu zilizokaangwa kidogo kwenye siagi. Hiyo ni mbinu ya waokaji wa Austria kwenye strudel yao: chenga zinanyonya unyevu wowote unaotoroka, na ukila huzioni. Lozi za kusaga zinafanya kazi hiyo hiyo na ni tamu zaidi, bei yake tu. Juu yake weka rojo, kijiko kimoja cha chakula kilichojaa, gramu 45 hivi, usizidishe. Najua kitaonekana kidogo, na mkono utataka kuongeza kwa sababu ndoo bado imejaa. Uzuie. Pakaa maji kingo mbili kwa kidole, kunja pembetatu, bana kwa ncha za vidole, kisha pitisha uma. Ile gundi ya unga na maji tunayofungia sambusa usiilete hapa, inakauka na kuwa ngumu. Na wapo watakaokushauri utumie manda za sambusa ukaange. Inawezekana, ila hicho ni chakula kingine, na rojo lake linatakiwa kuwa kavu kuliko hili.

Chanja juu mara tatu kwa kisu kikali, michanjo ya sentimita mbili, ifike mpaka kwenye rojo. Kuchora tu juu juu si kuchanja. Pakaa kiini cha yai kilichochanganywa na kijiko cha maziwa, juu tu: yai likichuruzika kwenye kingo zilizokatwa linagundisha tabaka na upande huo hauumuki. Halafu rudisha vifuko kwenye friji dakika 20, au friza dakika 10. Hatua hii ndiyo watu wanairuka kwa sababu wameshachoka na watoto wanauliza. Usiiruke. Unga uliopoa unaingia kwenye joto siagi ikiwa imara, mvuke unainua tabaka kabla siagi haijavuja.

Wakati vinapoa, washa oveni. Oveni za Ujerumani zina kitufe chenye alama nyingi, na nina shaka hapo ndipo ulipoteleza pia. Alama ya mistari miwili, mmoja juu mmoja chini, ni joto la juu na chini. Alama ya feni ni hewa ya kuzunguka, inayokausha juu upesi na kuchelewa chini. Kwa kazi hii tumia mistari miwili, nyuzi 210. Nyuzi 180 ni kidogo mno, siagi inayeyuka na kutiririka kabla unga haujashika. Kama oveni yako ina feni tu, weka 190. Na trei iwashwe pamoja na oveni, ndani, nafasi ya pili kutoka chini. Panga vifuko juu ya karatasi ya kuokea mezani, oveni ikishakuwa moto ivute trei kidogo na uitelezeshe karatasi yenye vifuko juu yake, angalia vidole. Unga ukikutana na chuma kilicho moto tayari, upande wa chini unaanza kuiva sekunde ile ile. Trei baridi inakula dakika kadhaa kupata moto, na hizo ndizo dakika ulizokuwa unapoteza.

Oka dakika 15, punguza mpaka 190, endelea dakika 8 hadi 10. Usifungue mlango kabla ya dakika 15. Usihukumu kwa rangi ya juu. Chukua kisu bapa, inua kimoja, chungulia chini: kahawia iliyokolea ndiyo tunayoitaka. Kikiwa cheupe au kinang'aa kwa mafuta, rudisha, na kama juu kunaelekea kuungua funika kwa karatasi ya alumini bila kubana. Wengi wanatoa mapema. Unga wa tabaka wa rangi ya dhahabu ni mzuri kwa picha, ila mdomoni rangi ya kahawia inaushinda kwa ladha na kwa mlio.

Vikitoka, vihamishie kwenye waya mara moja. Vikibaki kwenye trei, mvuke wake wenyewe unarudi chini na kazi yote ya nusu saa inalowa mbele yako. Subiri kama dakika 20 kabla ya kula, rojo la wanga na sukari linashika joto kuliko unavyodhani na linaunguza kaakaa. Ukipenda ule weupe wa dukani, changanya sukari ya unga na maji kidogo ya ndimu uchirizie vikishapoa. Kesho yake pasha kwenye oveni nyuzi 160 kwa dakika 8. Maikrowevu inavilainisha, achana nayo.

Kuhusu ndoo: Boskoop linatunzika sana. Likiwekwa vizuri linafika Februari, hata Machi. Yapange leo. Yenye jeraha, tundu la mdudu au yaliyokosa kikonyo, pika kwanza, hayatakaa. Mazima usiyaoshe, yapange kwenye kasha safu moja yasigusane, yapeleke kwenye chumba cha chini cha nyumba yenu, mahali penye giza na ubaridi wa nyuzi 4 hadi 8. Baridi kali zaidi hailifai Boskoop, nyama yake inageuka kahawia ndani huku nje linaonekana zima. Yasikae karibu na viazi, maana matufaha yanatoa gesi ya ethilini inayovuruga viazi na mboga nyingine. Yapitie kila wiki, linalooza litoe. Kadiri miezi inavyokwenda ukali unapungua na ganda linasinyaa kidogo. Kwa kuoka bado ni zuri, ila Januari punguza sukari mpaka gramu 50 na ndipo utahitaji lile tone la ndimu.

Kama friza yako ina nafasi, kuna njia nzuri zaidi ya kuimaliza ndoo: funga vifuko vingi siku moja, vigandishe vikiwa vibichi kwenye trei, vikishakuwa vigumu vitie kwenye mfuko. Vinakaa miezi miwili bila shida. Unavioka vikiwa vimeganda hivyo hivyo, bila kuyeyusha, kwa moto ule ule na dakika 5 za ziada. Yai pakaa wakati wa kuoka, lakini michanjo ikate kabla ya kugandisha, kwa sababu vikishaganda kisu hakipiti.